Syombua na Rufaa Aliyotaka Ilale

Nyinyi siku hizi mnapeleka samansi za korti kwa simu. Mtu anakaa kwenye kiti, anatuma, anangoja zile alama mbili zigeuke buluu, kisha anaenda kuapa mahakamani kwamba mwenye karatasi amepokea. Sisemi ni vibaya. Kama simu hizo zingekuja mapema, magoti yangu yangekuwa mazima leo. Ila mniruhusu ninung'unike kidogo, maana ile buluu haikuambii huyo mtu alikuwa ameshika nini mkononi wakati anasoma.

Mimi nimepeleka karatasi za korti Makueni na Kitui mpaka nywele zikaisha. Wapo wanaoniita Mutinda wa Samansi hata sasa nimestaafu. Nikiingia hoteli moja pale Mbumbuni kuna bwana huacha chai yake inatoa moshi, akatokea mlango wa nyuma. Simjui, wala sijawahi kuwa na karatasi yake. Ameshazoea tu kunikimbia, na mwenye hoteli amenilaumu kwa hasara ya chai hizo.

Jambo la kwanza katika kazi hii ni jina. Jina lililo kwenye karatasi ni la kitambulisho, na huku kwetu jina la kitambulisho halijulikani na mtu yeyote isipokuwa chifu na mwalimu wa shule ya msingi. Ukifika kijijini uliza huyo mtu anaitwaje na wenzake, anafanya kazi gani, mama yake ni nani. Mimi nilijifunza hayo kwa kuumia. Nilitumwa Salama kumpa Mutua fulani karatasi za mke wake aliyekuwa anaomba talaka. Nikamuuliza kijana wa stendi, akanionyesha nyumba ya Mutua, nikampa. Kumbe aliyetakiwa ni Mutua wa magunia, na mimi nimempa Mutua wa kwaya, mzee wa kanisa, mtu aliyekuwa hajawahi hata kuchelewa kurudi nyumbani. Mkewe akatoka jikoni, akaichukua, akaisoma yote mpaka muhuri. Halafu akamuuliza mumewe kwa upole uliotutisha sote wawili:

“Baba Kyalo, huyu Ndunge anaomba umwache ni nani?”

Nilijaribu kueleza, nikafukuzwa na mwiko. Ilibidi nirudi siku nyingine na mchungaji wao ndipo nikaeleweka, na hata hivyo yule mama hakunipa maji.

Aliyenifundisha kazi yenyewe ni Mzee Nzioka, marehemu sasa, aliyeanza enzi za baiskeli. Alikuwa mfupi, mkali, na alivaa koti la mvua hata wakati wa kiangazi kwa sababu lilikuwa na mifuko mikubwa ya ndani. Alikuwa akiniambia, “Usitoe karatasi mtu akiwa amesimama. Akisimama atakimbia ama atakupiga. Mwache akae, muulize kama mvua imenyesha kwao, kunywa maji yake, halafu ndio utoe.” Alinikataza kupeleka karatasi ya ndoa siku ya soko, kwa sababu soko zima litajua kabla mwenyewe hajamaliza kusoma. Alinikataza kumwachia mtoto. Na mbwa wa boma, alisema, usiwarushie jiwe. Mwite mwenye nyumba kwa lile jina la utani ukiwa mbali, na mbwa watajua wewe ni mtu wa kwao. Hilo la mbwa halikufanya kazi kila mara, na nina kovu la kuonyesha.

Nzioka ndiye aliyenieleza pia habari za rufaa zinazolala. Mtu ameshindwa kwa hakimu. Hasira bado ni moto, anakata rufaa Mahakama Kuu. Baada ya hapo anatakiwa aifuate: achukue maandishi ya kesi ya kwanza, apange makaratasi yake, aombe tarehe. Wengi hawafanyi hivyo. Hasira inapoa, ama nauli inakosekana, ama mvua inanyesha na mtu anaenda shambani. Faili linabaki masijala likila vumbi. Mwishowe mahakama inachoka, inatoa ilani: njoo ueleze kwa nini rufaa yako isitupiliwe mbali, maana umeacha kuifuatilia. Ilani hizo ndizo nilizobeba zaidi ya karatasi nyingine yoyote katika miaka yangu ya mwisho.

Za talaka zilikuwa na mambo yake. Nilifika boma moja kumpa mwanamume ilani ya rufaa ya talaka, nikamkuta amembeba mtoto mchanga, na mama wa mtoto ni yule yule mke aliyekuwa akiachana naye. Aliniangalia akacheka, akaniuliza kama hiyo karatasi inaweza kufunga sukari. Kwingine nilionyeshwa kaburi. Nzioka alikuwa na msemo wake kuhusu mafaili hayo, kwamba la talaka likilala wenye ndoa wamepatana, na upeleke ilani ukiimba. Mara nyingi hakukosea. Basi hata mimi nilipopewa ilani za Syombua niliondoka nikiimba.

Syombua ndiye aliyekuwa mrufani, yaani aliyekata rufaa. Kwao ni upande wa Kitui. Mjibu rufaa alikuwa mumewe, Musembi, wa huku Makueni, ukipita Mbumbuni kuelekea mto Athi. Karatasi zilikuwa mbili, kila mtu yake, zenye maneno yale yale.

Niliwafahamu, kwa sababu ni mimi niliyepeleka hata zile za kwanza. Ndoa yao ilikuwa ya kimila. Musembi alikuwa amepeleka mbuzi wa ntheo kwa baba yake Syombua, na kwetu Ukambani bila mbuzi hao hakuna ndoa, hata mkikaa pamoja mzeeke. Baadaye Musembi akaenda Kambu kufungua kibanda cha kuziba panchari za malori, akapata mwanamke mwingine huko. Alikuwa akija nyumbani kwa ajili ya ugomvi tu. Safari moja alimvunja Syombua mkono, na Syombua akavuka mto akarudi kwao.

Baba yake akafanya kama inavyotakiwa. Ndoa yetu ikiingia kwa mbuzi, hutoka kwa mbuzi. Watu wa mwanamke hurudisha mbuzi mmoja tunayemwita mbui ya ulee, mbuzi wa kukataa. Watu wa mume wakimpokea, wakamchinja na kumla, wamekubali, na mwanamke ameachiliwa. Musembi alimfukuza yule mbuzi kwa fimbo mpaka barabarani. Ndipo Syombua akaenda kortini. Hakimu akasema ushahidi hautoshi, na ni kweli haukutosha, kwa sababu walioona akipigwa walikuwa watu wa mume na hakuna hata mmoja aliyekuja kusema. Syombua akakata rufaa, kisha kimya.

Nilianza na upande wa Kitui. Baba yake nilimkuta akitengeneza ua wa miiba.

“Syombua hayuko,” akasema. “Ako kwa bwana.”

“Kwa Musembi?”

“Kwani ako na bwana wangapi?”

Nikacheka moyoni, nikamkumbuka Nzioka. Nikavuka tena mto na pikipiki nikiwa na furaha ya mtu anayepeleka habari isiyomdhuru mwenyewe.

Bomani kwa Musembi nilimkuta mama yake, ajuza ambaye kila mtu humwita Susu, amekaa kwenye kigoda akichambua pojo. Pembeni yake, kwenye kivuli cha nyumba, kulikuwa na mwanamume kwenye kiti cha plastiki kilichofungwa magurudumu ya mkokoteni. Mdomo wake ulikuwa umeenda upande. Syombua alikuwa amechutama mbele yake akimlisha uji kwa kijiko, na kila baada ya kijiko anamfuta kidevu. Ilinichukua muda kutambua kwamba yule mgonjwa ni Musembi, maana niliyemjua mimi alikuwa mtu wa kifua na sauti.

“Karibu, mzee,” Syombua akasema. “Kaa. Si ni wewe ulileta zile karatasi za kwanza?”

Nikakaa. Nikauliza habari ya mvua. Nikanywa maji. Nilipoona sasa watu wametulia nikasema, kwa nia njema kabisa, “Mama, nimefurahi kuona mmepatana.”

Susu akainamia pojo zake. Syombua akaweka kikombe chini.

“Nani amekuambia tumepatana? Hiyo mbuzi umeiona?”

Nilikuwa nimemwona. Alikuwa mbuzi jike mweupe, amefungwa kando ya mlango wa jiko.

“Hiyo ndio ile ya baba,” akasema. “Nilikuja nayo.”

Akanisimulia huku akiendelea kulisha. Musembi alipooza akiwa Kambu. Yule mwanamke wa huko akakodi pikapu, akamleta, akamwacha langoni na blanketi, hata hakuingia kusalimia. Ndugu yake Musembi anayeitwa Kioko, ambaye boma lake limepakana na hilo, alikuja kumwona, akatikisa kichwa, akarudi kwake. Susu hakuwa na nguvu za kumgeuza mtu mzima kitandani. Akatuma habari ng'ambo ya mto, bila kuomba kitu, kusema tu kwamba Musembi yuko hivi. Syombua alikaa na habari hiyo kwa muda. Kisha akaja, akimvuta yule mbuzi kwa kamba, akasimama langoni majirani wakiwapo, akawaambia: “Nimekuja kumwosha. Sijakuja kuolewa. Hii mbuzi itakaa kwa mlango na mimi nitalala jikoni.”

Nikamuuliza kwa nini basi hakuendelea na rufaa, kama bado hamtaki.

“Nitaenda kortini niseme nini, mzee? Niseme huyu alinivunja mkono, na huo mkono ndio unamshikia kijiko? Nikianza hiyo maneno, Kioko atanifukuza hapa, na nani atamgeuza? Na nikiacha rufaa ife, basi mimi ni bibi yake. Hii yote nafanya itakuwa tu kazi ya bibi. Nikimwosha nikiwa bibi, ni lazima. Nikimwosha nikiwa nimemkataa, ni mimi nimeamua. Unaelewa? Wacha hiyo kesi ilale. Ikilala mimi niko sawa.”

Nimesikia sababu nyingi za kuacha rufaa. Hiyo sikuwa nimewahi kuisikia. Kazi yangu ilikuwa kumpa karatasi, nikampa. Akafuta mikono kwa leso, akaipokea, akatia sahihi.

Ikabaki ya Musembi. Sheria inasema apewe mkononi. Mkono wake wa kulia haukuweza kuinuka, basi Syombua akaushika, akafungua vidole kimoja kimoja, akaiweka karatasi hapo na kuvifunga tena. Musembi alikuwa anatuangalia. Sijui alielewa kiasi gani. Kwa jinsi macho yalivyojaa maji, nadhani alielewa yote. Katika maisha yangu ya kazi hiyo ndiyo mara pekee nimeona mrufani akimsaidia mjibu rufaa kupokea ilani, na nilipanda pikipiki nikiwa na uchungu ambao sikuja nao.

Nilimwambia, kabla sijaondoka, kwamba siku ya jaji si lazima asafiri. Siku hizi unaweza kusema kwa video ukiwa nyumbani. Akasema simu yake ni ya kubonyeza. Nikamwambia nitakuja na yangu. Hiyo si kazi ya mpeleka samansi, na Nzioka angenigombeza, lakini singeweza kumwacha achague kati ya jaji na kumgeuza mgonjwa.

Siku ilipofika tukatafuta mtandao boma zima. Ulipatikana mahali pamoja tu, nyuma ya jiko karibu na ghala la mahindi. Musembi hakuweza kuachwa peke yake, maana alikuwa anateleza kwenye kiti. Tukamsukuma mpaka hapo. Kioko naye akaja akaegemea ua, mikono mifukoni, kusikiliza. Huyu Kioko hakukulia hapo sana, na mambo ya mila hakuyajua. Ujana wake wote aliumalizia kwenye miji ya barabara ya Mombasa, akichomea wasafiri nyama.

Jaji alikuwa mwanamke mwenye sauti ya taratibu. Tukangoja wengine wasomewe zao, kisha karani akaita.

“Mrufani yuko?”

“Niko,” Syombua akasema, kwa sauti kubwa kupita kiasi, kama watu wasiozoea simu hizo.

“Mjibu rufaa yuko?”

Syombua akanitazama. Halafu akajibu, “Yuko. Niko naye hapa.” Akageuza simu.

Jaji akasogeza uso karibu na kamera.

“Mama, kwa hivyo mmerudiana?”

“Hapana, mheshimiwa.”

“Unataka rufaa yako isikizwe?”

“Hapana.”

“Basi unaiondoa?”

“Hapana. Nataka ikae tu hapo iko.”

“Mama,” jaji akasema, na sikusikia dharau yoyote katika sauti yake, “ninaona hali yako. Lakini korti haina mahali pa kuweka kesi ikae tu. Ama iendelee ama iishe. Nikikupa muda, utaifuata?”

Hapo nilitaka kumnong'oneza aseme ndiyo. Najua mimi, nyinyi mnajua, kila mtu anayezunguka korti anajua: unasema ndiyo, unapata miezi, na miezi ina mambo yake. Lakini Syombua alikuwa anamwangalia Musembi, na Musembi alikuwa anamwangalia yeye.

“Siwezi kukudanganya, mheshimiwa. Vile ako sasa, siwezi kumshtaki.”

Jaji akatoa uamuzi kwa Kiswahili, polepole, ili asihitaji mkalimani. Rufaa imetupiliwa mbali kwa kutofuatiliwa. Hakuna wa kulipa gharama za mwenzake. Kisha akaongeza neno ambalo najua halikuandikwa kwenye uamuzi: “Pole sana, mama.”

Simlaumu. Angefanya nini? Sheria imempa milango miwili, na Syombua alikuwa anaomba atobolewe dirisha ukutani. Lakini nilipomtazama akinirudishia simu, akiisafisha kwanza kwa leso kwa sababu ilikuwa na uji, nilisikitika kuliko siku niliyompeleka Nzioka kaburini.

Kioko alipiga makofi. “Si umesikia! Korti imesema! Shemeji ni wetu!”

Tukamrudisha Musembi kivulini. Syombua akachukua beseni la mashuka, akashuka mtoni kwenye kisima cha mchanga kufua. Susu akanizuia ninywe chai kwanza, tukaingia ndani. Nje tulisikia Kioko akiita rafiki zake, tukasikia kicheko na moto, hatukutilia maanani. Mgeni akizungumza na mwenyeji ndani, mambo ya uani si yake.

Baadaye harufu ikaingia. Susu akaweka kikombe, akashika mkongojo wake, akatoka. Nikamfuata. Kando ya mlango wa jiko palikuwa na kamba tupu.

“Kioko, hiyo nyama ni ya nini?”

“Ya kukaribisha shemeji, mwaitu. Si korti imemrudisha?”

“Na ni mbuzi gani?”

Kioko alikuwa na mfupa mdomoni. Akaonyesha mlango wa jiko kwa kisu.

Susu alikaa chini pale pale kwenye vumbi. “Umekula mbui ya ulee,” akasema. “Umeichinja kwa hii boma na umeila na watu. Musembi aliikataa, wewe umeikubali. Kioko, ni wewe umemwachilia.”

Nyama ilisimama kwenye midomo ya watu. Mmoja wao akatema. Kioko akawa anamtazama mama yake, akamtazama kila mtu, akijaribu kusema kwamba mbuzi ni mbuzi tu. Nusura nicheke, Mungu anisamehe, maana nilikuwa nimeona ujinga mwingi katika kazi hii lakini haujawahi kupikwa ukaiva namna ile. Nilipomwona Susu analia, hamu ya kucheka ikaniisha. Yeye alikuwa anapoteza mtu wa kumgeuza mwanawe, na alikuwa anajua nguvu zake zimefika wapi.

Syombua akarudi na beseni kichwani. Akaona ngozi imewambwa. Akaliteremsha beseni. Watu wote wakangoja aingie jikoni atoke na mfuko wake. Susu ndiye aliyesema.

“Mtoto wangu, wameikula. Sasa unaweza kuenda.”

“Yote?”

“Hata kichwa iko kwa sufuria.”

Syombua akaanika mashuka, yote, akiyanyoosha kila kona. Alipomaliza akaenda kivulini, akamwinua Musembi kwapani na kumwegemeza upande wa pili, maana muda wa kumgeuza ulikuwa umepita. Akampangusa jasho.

“Nitaenda siku nitataka,” akamwambia Susu.

Nikaondoka. Njia nzima nilikuwa najiuliza. Kwa korti Syombua ni mke wa Musembi. Kwa mila ameachiliwa, na walioachilia wamejilamba vidole. Nimewauliza mawakili, nimewauliza wazee wa ukoo, kila mtu ananipa jibu lake na kila jibu linampendelea anayelitoa. Wewe ukiwa na jibu, kaa nalo. Ninachokuambia mimi ni hiki tu: ukipewa ilani ya rufaa iliyolala usiondoke ukiimba kama mimi. Nenda, kaa, kunywa maji, tazama boma. Huenda mtu ameacha kuifuata kwa sababu amepatana na mwenzake. Huenda pia hana nguvu tena ya kuomba hata anachokitaka kuliko vyote. Ukishamaliza kuapa kwamba amepokea, hakuna atakayekuuliza ulimkuta vipi, na hilo limeniuma miaka yote.

Musembi alifariki wakati wa baridi. Habari nilizipata Mbumbuni, nikaenda maziko. Mahema yalikuwa mawili, spika kubwa, kwaya, na karatasi za ratiba zenye picha yake ya zamani akiwa na kifua. Kwenye ratiba Syombua aliandikwa mke. Kioko alikuwa amevaa suti na hakutaka kusikia habari za mbuzi. Kiti cha mjane kilikuwa mbele kabisa kimefunikwa kitambaa cheupe, na hakikuwa na mtu.

Mchungaji akaita mjane aje atupe mchanga. Akaita tena. Nilimwona Kioko akizunguka nyuma ya mahema mpaka kwa akina mama waliokuwa wanapika, na Syombua alikuwa hapo akikoroga sufuria ya muthokoi, yale mahindi yetu ya kukoboa, mikono imejaa masizi. Nilikuwa nimesimama karibu, nikasikia.

“Shemeji, usituaibishe mbele ya kanisa. Korti ilisema.”

Akaweka mwiko chini, akaja. Watu wakampisha. Mchungaji, ambaye hakujua lolote, akampa maikrofoni kwa upole. “Mama, sema neno moja kuhusu mume wako.”

Syombua aliishika mbali na mdomo, na ilibidi watu wanyamaze sana ndipo wamsikie.

“Mimi ni Syombua,” akasema. “Huyu mtu nilimkataa. Baadaye nikamwosha mpaka akakufa. Hizo mbili zote nilifanya mimi mwenyewe. Hakuna mtu alinituma.”

Akachukua mchanga akautupa, akamrudishia mchungaji maikrofoni. Kisha akaingia jikoni, akatoka na mfuko wake, akapita katikati ya mahema kuelekea mtoni kabla chakula hakijapakuliwa. Kwaya haikujua iimbe nini. Susu peke yake ndiye aliyeinuka, akajikokota na mkongojo mpaka langoni, akasimama hapo akimtazama akienda.